Mhariri, antimata inaanguka, na Kyamwilu maji yanateremka

Kwako mhariri,

Sijazoea kuandikia magazeti, barua ya mwisho niliandika ilikuwa ya kuomba kazi na mpaka leo sijajibiwa, lakini ile makala yenu ya ukurasa wa sayansi, ile yenye kichwa kikubwa cha kusema ati uvutano umeshindwa, imenifanya nikae na simu saa hizi za usiku niandike kwa kidole kimoja, kwa hivyo mkiona makosa mnivumilie, chaji nayo imebaki asilimia thelathini.

Nianze na ubaya wake ndio nije kwa sayansi. Hapa mtaani kuna jamaa mmoja, sitamtaja, anazunguka na hiyo makala ameikata vizuri akaiweka ndani ya nailoni isilowe, anawaambia watu atawaletea pampu ya kupandisha maji kutoka mtoni hadi shambani bila stima, bila petroli, bila sola, inatumia antigraviti, yaani kitu cha kushinda uvutano, na anayetaka jina lake liingie kwa orodha atoe elfu tatu ya kwanza. Ukimuuliza ushahidi uko wapi anafungua nailoni anakuonyesha nyinyi. Na kweli mumeandika, nimesoma kwa macho yangu, kwamba wanasayansi wa CERN, ile maabara kubwa ya fizikia kule Uswisi, wamepima antimata, yaani pacha kinyume wa vitu vya kawaida, wakakuta robo ya uvutano imepotea, halafu mkaongeza kwamba watu wa Machakos hawana haja ya kushangaa manake Kyamwilu maji hupanda mlima tangu zamani. Shemeji yangu alitoa hiyo elfu tatu. Ni mtu mzima, ana watoto wanne, kichwa chake kiko sawa, na nilipomuuliza mbona akanijibu, wewe fundi unajua kushinda gazeti?

Sijui kushinda gazeti. Lakini nina mpira.

Mpira ninaosema ni ule mweupe wa kuona ndani, tunaoujaza maji kwa mjengo kuhamisha levo. Kwa wale hawajawahi kuuona, unachukua mpira wa kama mita ishirini, unajaza maji, unatoa hewa yote (kukibaki povu moja la hewa katikati umeharibu nyumba ya watu), mmoja anashika mwisho mmoja kwa nguzo hii, mwingine anashika mwisho mwingine kwa kona ile, maji yanachezacheza kidogo halafu yanatulia, na yakishatulia yako sawa pande zote mbili hata kama mpira wenyewe umepitia nyuma ya jikoni na chini ya rundo la kokoto. Macho hayahusiki hapo. Macho hudanganywa na vitu vingi, miti iliyoinama, ukuta wa jirani uliojengwa kombo, mlima ulio nyuma, lakini maji ndani ya mpira hayaoni mlima, yanajua tu chini ni wapi. Timazi pia ni hivyo hivyo, kipande cha chuma na uzi, na hiyo ndiyo imejenga kila ghorofa mnayoona Nairobi.

Sasa Jumamosi moja mwaka juzi binti yangu alikuwa nyumbani, wamefunga chuo, anasoma fizikia, akaniambia baba leo twende Kyamwilu na mpira wako. Mimi hapo nimepita mara nyingi sana. Nimeona wageni wanazima injini, wanaweka niutro, gari linaanza kupanda lenyewe polepole, watu ndani wanapiga kelele, wengine wanaomba. Na kuna vijana wanakungojea na chupa ya maji, wanamwaga barabarani maji yanaelekea juu, ukimaliza kushangaa unawatoa kitu kidogo. Wazee wana hadithi yao ya mahali hapo na siko hapa kuibishia. Na sitadanganya, mimi mwenyewe kwa miaka mingi nilikuwa naamini kuna kitu chini ya ile ardhi, sumaku au nini.

Tukasimamisha fimbo mbili zenye alama, urefu sawa. Binti akasimama pale ambapo macho yanasema ni juu mlimani, mimi nikabaki pale macho yanasema ni bondeni, wale vijana wa chupa wakaja kutuangalia wakidhani sisi ni watu wa kaunti tumekuja kupima barabara. Maji yakatulia. Kwa fimbo yangu yalikuwa chini kidogo ya goti. Kwa fimbo ya binti yalikuwa yamepita hiyo alama kwa zaidi ya shubiri. Fundi yeyote ashajua maana yake: maji ni levo moja, kwa hivyo kama kwake yamepanda juu zaidi ya fimbo, ardhi aliyokanyaga yeye iko chini kuliko yangu. Ile "juu" ndiyo chini. Tukabadilishana fimbo, tukabadilishana upande, tukarudia mara tatu manake mimi ndiye nilikuwa sitaki kukubali, na kila mara ikatoka vile vile. Barabara inateremka kidogo tu, lakini vilima vilivyoizunguka vimelala kwa namna ambayo jicho halipati mahali palipo sawa pa kulinganishia, linachukua mlima kama ndio sakafu, na hapo kila kitu kinageuka. Sehemu za aina hiyo ziko nchi nyingi duniani, siyo sisi peke yetu. Kijana mmoja wa chupa alipoelewa akaniambia, mzee hiyo usiseme kwa sauti, kuna basi la shule linakuja.

Basi hiyo ndiyo Kyamwilu. Maji hayajawahi kupanda, na magari ya niutro hayajawahi kupanda, na ni mahali pazuri pa kwenda na watoto, nendeni tu, mnunue na miwa njiani.

Tuje kwa antimata, na hapa ndipo mumenikosea zaidi manake jambo lenyewe ni tamu kuliko uongo mliouweka, na mumeliharibu na ile picha ya jiwe linaelea hewani.

Antimata si kitu cha mazingaombwe. Mwaka 1928 Mwingereza mmoja anaitwa Paul Dirac alikuwa anatafuta hesabu ya kueleza elektroni inayokimbia kwa kasi sana, hesabu ikatoka, lakini ikatoa majibu mawili, kama vile ukitafuta kipeo cha pili cha tisa unapata tatu na pia hasi tatu. Wengi wangetupa lile la hasi. Yeye hatimaye akasema hapana, lazima kuna chembe pacha wa elektroni, uzito ule ule, chaji ya umeme kinyume. Mwaka 1932 Carl Anderson huko California akaiona kwa macho, njia yake kwenye chombo chenye mvuke, inapinda upande usiofaa ndani ya sumaku. Ikaitwa positroni. Ikikutana na elektroni, pacha wote wawili wanaisha, inabaki miale tu. Na si kitu cha mbali, ndizi uliyokula asubuhi ina potasiamu, kidogo sana ya hiyo potasiamu ni ya aina inayooza, na ndizi moja ya kawaida inakutolea positroni moja hivi kila dakika 75. Inazimika hapo hapo ndani ya ndizi, hakuna atakayelipuka.

Mama mkwe wangu alipopelekwa Nairobi kupigwa picha ya PET alidungwa kitu kama sukari iliyofungiwa florini inayotoa positroni, nguvu yake hupungua nusu kila dakika 110 hivi ndiyo maana walituambia tusichelewe hata kidogo, positroni inagonga elektroni ya mwili, inatoa miale miwili inayokimbia pande mbili kinyume, na mashine ile ya duara inashika miale yote miwili inajua imetokea wapi. Yaani huyo mama amewahi kuwa na antimata ndani yake mchana mzima na hakuelea hata inchi moja juu ya kitanda. Nilitaka kumwambia lakini nikaona nitaulizwa nimetoa wapi maneno hayo.

Sasa swali la kama antimata inaanguka chini au inapanda juu lilikuwa swali la kweli, hapo siwalaumu. Karibu kila mwanafizikia alidhani inaanguka, lakini kudhani siyo kupima, na kupima kulikuwa kugumu ajabu. Binti alinieleza sababu moja ambayo sijaisahau. Positroni ina chaji, na nguvu ya umeme ni kubwa mno ukilinganisha na uvutano, kiasi kwamba elektroni moja tu, moja, iliyo umbali wa mita tano, inaivuta positroni kwa nguvu karibu sawa na vile Dunia nzima inaivuta. Hebu fikiria unapima uzito wa kitu halafu mtu akipita nje na chembe moja isiyoonekana mizani inaruka. Kwa hivyo walihitaji antimata isiyo na chaji, yaani atomu kamili, na hiyo ni antihaidrojeni: antiprotoni moja, yaani pacha kinyume wa protoni, na positroni moja inaizunguka.

Antihaidrojeni ya kwanza ilitengenezwa CERN mwaka 1995, atomu tisa, zikipita kwa kasi hata huwezi kuzisalimia. Mwaka 2010 kikundi kinachoitwa ALPHA, kinachoongozwa na Jeffrey Hangst, kikafanikiwa kuzikamata 38, mwaka uliofuata wakawa wanaweza kuzishika kwa sekunde 1,000. Mtaziweka kwa chombo gani, manake chombo chochote ni maada, yaani kitu cha kawaida kama chuma au glasi, na zikigusa zimeisha? Wanatumia sumaku. Atomu hiyo haina chaji lakini yenyewe ni kasumaku kadogo sana, kwa hivyo ukiizungushia sumaku kubwa yenye nguvu pembeni na dhaifu katikati inabaki katikati, ikiwa tu imepozwa vya kutosha, na vya kutosha hapo maana yake ni kama nusu digrii juu ya baridi ya mwisho kabisa ambayo ulimwengu unaruhusu. Wanavyoweka hesabu za hivi vitu hata sisi tunaohesabu misumari tungeaibika. Na ukitaka kujua CERN wenyewe wanaichukulia antimata vipi, wanasema yote waliyowahi kutengeneza tangu waanze, ukiikusanya na kuizima yote, ingewasha balbu moja kwa dakika chache. Kwa hivyo hata lile swali la bomu ambalo makala yenu ililigusa gusa mwishoni, tuliache hapo.

Halafu wakajenga mtambo mwingine, ALPHA-g, ambao umesimama wima kama mnara. Hapa naomba msome polepole manake mlipitia mbio. Wanaweka kama atomu mia moja za antihaidrojeni ndani ya ule mtego wa sumaku, juu kuna sumaku inafunga kama kifuniko, chini kuna nyingine, na kati ya hizo mbili ni kama sentimita 25 tu, shubiri na kidogo. Mle ndani atomu hazijatulia kama mawe, hata na hiyo baridi yote bado zinakimbia huku na huku, fikiria bisi ndani ya sufuria. Sasa polepole, kwa sekunde 20 hivi, wanapunguza nguvu ya kifuniko cha juu na cha chini kwa pamoja. Atomu zinaanza kutoroka. Ikitoroka ikagusa ukuta inazimika, mashine inaona cheche, inaandika: hii imetokea juu, hii imetokea chini. Wanahesabu tu. Kama uvutano hauihusu antimata, zitatoka nusu juu nusu chini. Kama inaanguka kama sisi, hesabu za kompyuta zilisema karibu 80 kwa kila 100 zitatokea chini. Kama inapaa kama gazeti lenu linavyotaka, zitatokea juu.

Zilitokea chini. Kama wangepima kwa mpangilio mmoja tu wa sumaku watu wangesema labda sumaku ya juu ina nguvu zaidi, kwa hivyo wakawa wanaongeza na kupunguza makusudi tofauti kati ya sumaku ya juu na ya chini, mara waisaidie ya juu, mara ya chini, waone ni wapi mizani inalingana, na kila mara majibu yakaelekea kwa antimata inayoanguka. Ripoti ikatoka kwenye jarida la Nature Septemba 2023, binti alinisomea kwa simu sehemu kwa sehemu manake Kiingereza chao kina mifupa.

Na sasa hiyo robo yenu. Namba waliyotoa ni 0.75 ya mvuto wa kawaida. Mwandishi wenu akaona 0.75 akatoa kwa 1 akapata robo, akaandika robo imepotea. Lakini hiyo namba haikuja peke yake jameni, ilikuja na makosa ya vipimo, 0.13 ya vipimo vyenyewe na 0.16 nyingine ya vile kompyuta inavyoigiza jinsi atomu zinavyokimbia, ukiyajumlisha unaona 1 inaingia ndani bila kubisha hodi. Kinachokataliwa ni sifuri, yaani uvutano usioihusu antimata, na hasi moja, yaani antimata inayopaa, ndiyo iko mbali kabisa. Wenyewe waliandika kwamba matokeo yanakubaliana na mvuto wa kawaida. Hebu mnielewe kwa mambo ya kazi yangu: nimeenda kuangalia ploti sina futi, nikapima kwa hatua za miguu, nikamwambia mwenye nyumba chumba ni kama hatua tisa, ikizidi ikipungua mbili, na plani inasema kumi. Mwenye nyumba mwenye akili atasema sawa, chumba kiko vile kilivyochorwa, mpaka utakapokuja na futi. Mwandishi wenu angeandika fundi amegundua chumba kimemeza hatua moja! Na hao wa CERN wanatengeneza hiyo futi sasa, wanataka kuzipoza hizo atomu zaidi kwa leza ili zitulie na kipimo kiwe kikali.

Kuna jambo lingine binti alinieleza tukiwa tunarudi kutoka Kyamwilu na hilo ndilo lilinifanya nijue yule jamaa wa pampu ni mwongo mara ya kwanza nilipomsikia. Mwaka 1958 mwanafizikia Philip Morrison aliuliza, tuseme antimata inasukumwa juu kwa nguvu ile ile ambayo maada inavutwa chini, itakuwaje? Weka chembe ya maada na pacha wake wa antimata kwa karai moja. Moja inavuta chini, moja juu, karai halina uzito. Unalipandisha hadi ghorofa ya kumi hata jasho halitoki (sisi wa mjengo tungependa sana hilo karai). Ukifika juu unazigonganisha zinakuwa mwanga, unauelekeza mwanga chini. Mwanga ukiteremka huongeza nishati kidogo sana, na hiyo si porojo, Pound na Rebka walipima Harvard kwenye mnara wa mita 22 na nusu na wakachapisha mwaka 1960. Kwa hivyo chini unapokea nishati zaidi ya uliyoanza nayo, unatengeneza jozi nyingine ile ile, na chenji inabaki. Unapandisha tena. Chenji tena. Siku nzima unapanda na kushuka unakusanya chenji na hakuna aliyelipa.

Pampu ya jamaa ni hilo karai. Stima ya mabwawa ya Masinga na Gitaru inatoka kwa maji yakianguka. Kama kuna mashine inayoyarudisha juu bure, ungeifunga pale chini ya bwawa ukawa na stima ya milele, ungekuwa tajiri hadi utuchoshe, na ungekuwa unafanya nini hapa kwa kibanda cha chai ukichukua elfu tatu ya shemeji yangu?

Na mimi si mtu wa kusema hakuna kitu kipya duniani. Watu wakubwa wameitafuta antigraviti. Kulikuwa na tajiri Mmarekani, Roger Babson, dada yake alikufa maji akiwa mtoto na akabaki akiulaumu uvutano maisha yake yote, mwishoni mwa miaka ya 1940 akaanzisha taasisi ya kutafuta namna ya kuuzuia, akawapa vyuo vya Marekani pesa na mawe ya ukumbusho yaliyoandikwa habari hiyo. Antigraviti haikupatikana, lakini shindano la insha la taasisi hiyo lilivutia wanafizikia wa kweli, hata Stephen Hawking alilishinda mwaka 1971, kwa kazi ya uvutano wenyewe. Jiwe moja liko Chuo Kikuu cha Tufts, na wanafunzi wanaomaliza udaktari wa mambo ya ulimwengu hupiga magoti hapo mwalimu akawaangushia tofaa kichwani. Nilicheka sana, hao angalau wameelewana na uvutano. Halafu 1992 kule Tampere, Finland, Mrusi Eugene Podkletnov akasema vitu vilivyowekwa juu ya diski fulani ya baridi kali inayozunguka vinapungua uzito kidogo. Dunia ikashtuka, hata NASA wakatoa pesa wajaribu wenyewe, hakuna aliyeweza kuonyesha kitu hicho tena. Haikuwa robo. Ilikuwa hata haifiki asilimia tatu, na bado haikusimama.

Cha kuudhi zaidi, bwana mhariri, ni kwamba pampu ya kupandisha maji bila stima wala mafuta IPO. Inaitwa haidramu, Mfaransa Montgolfier aliitengeneza mwaka 1796, ni chuma na valvu mbili tu na chupa ya hewa. Maji mengi yanateremka kidogo kwa bomba, valvu inafunga ghafla, tak, yale maji yaliyokuwa mbio yanakosa pa kwenda na kishindo chake kinasukuma maji machache yapande juu sana, valvu inafunguka, inaanza tena, tak, tak, usiku na mchana. Maji mengi yanarudi mtoni, machache yanafika shambani, hakuna uchawi wowote, ni uvutano wenyewe ndio unaolipa. Nimewahi kusaidia kufunga moja, tulimwaga simiti ya msingi wake tukiwa ndani ya maji ya magoti, na mlio wake ukilala karibu unauzoea kama moyo wa mtu. Ukurasa mzima mngeandika haidramu watu wangekata hiyo makala waiweke kwa nailoni na ingewasaidia. Lakini inahitaji mto unaoteremka, kwa hivyo si kila mahali, na huko kwa shemeji mto umelala kama mkeka, nilimwambia hata hiyo haitafanya kazi kwake akanuna siku mbili.

Ninachotaka ni kidogo. Mchapishe marekebisho, na yawe ukurasa ule ule na ukubwa ule ule, siyo ile mistari miwili mnayoificha chini ya matangazo ya vifo, mseme kwamba antimata ilipimwa ikaonekana inaanguka, kwamba 0.75 si robo iliyopotea, na kwamba Kyamwilu barabara inateremka. Mtu akija na nailoni yake tumwonyeshe nailoni yetu. Pesa ya shemeji najua haitarudi kwa barua ya mhariri, jamaa siku hizi simu hashiki.

Na kama mwandishi wenu haniamini, sitaki tubishane kwa simu. Aje Machakos Jumamosi yoyote, nauli ya matatu nitamrudishia, fimbo ninazo, mpira ninao, maji tutachota njiani. Yeye aje tu na viatu vya kutembea anishikie ule mwisho mwingine, manake binti amerudi chuo.

Fundi wa mjengo,
Machakos